Nilidhani anayedaiwa kweli hana la kusema

Ile karatasi ilikaa juu ya kabati siku 19. Nina hakika ni 19 kwa sababu baadaye nilizihesabu mara nyingi, kama mtu anayetafuta kosa kwenye hesabu ya mwenzake.

Wala sikuificha. Ilikuwa pale pale ninapoweka tepu, chaki na mkasi, na mara nyingine niliibandua ili nitoe sindano iliyojificha chini yake. Bahasha ya kaki, muhuri wa mahakama, na ndani yake hati ya wito pamoja na hati ya madai ya kurasa nne zilizobanwa kwa pini. Aliyeileta alikuwa kijana mpole. Alikuja na nakala mbili: moja nikaisaini akaondoka nayo, nyingine akaniachia. "Mama, uisome," aliniambia. "Tarehe iko hapo chini." Nikasoma jina langu, nikasoma neno "mdaiwa", nikaikunja.

Nisieleweke vibaya, sikuwa nakimbia. Nilikuwa na hoja na nilijiona mtu wa busara. Deni lilikuwa la kweli. Nilikopa kwa hiari yangu ili kuongeza cherehani, nikasaini mwenyewe, kazi zikapungua, nikachelewa kulipa. Sasa niende mahakamani nikaseme nini? Niseme sidaiwi? Huo ungekuwa uongo. Kwenda, kwa hesabu yangu, ilikuwa ni kwenda kuaibika mbele za watu kwa jambo ambalo jibu lake ninalo nyumbani. Tangu hapo nimekutana na watu wengi waliohukumiwa bila kuwapo, na waliojificha kwa makusudi ni wachache. Wengi walibaki kwao kwa sababu ile ile yangu: walikuwa waaminifu, lakini uaminifu wao haukuandikwa popote.

Kulikuwa na sababu ya pili pia, na hii ndiyo iliyokuja kunisaidia. Siku ile ile nilipopokea wito nilimpigia afisa mikopo aliyekuwa akinifuatilia. Hakushtuka hata kidogo. "Aah dada, hizo ni taratibu tu za ofisi. Wewe endelea kupunguza kidogo kidogo, tutayamaliza wenyewe. Usihangaike kwenda huko." Baadaye akanitumia na ujumbe wa simu wenye maneno yanayofanana na hayo. Wiki iliyofuata nikalipa rejesho moja, nikapewa risiti, nikalala usingizi wa mtu aliyemaliza kazi.

Sikujua kwamba maongezi yetu yalikuwa na njia yake na shauri lina njia yake, na hakuna mahali zinapokutana mpaka wewe mwenyewe uzikutanishe. Yule afisa sidhani kama alikuwa ananitega. Naamini hata hakujua tarehe ya kesi. Wakili wa ofisi yao alikuwa na faili langu, na faili halipokei simu.

Miezi mitatu baadaye akaja dalali wa mahakama. Alikuja asubuhi, nikiwa nashona kola. Alikuwa na adabu zake zote, akaomba kiti, akaketi, akanisomea namba ya shauri, kisha akatoa kalamu na kuanza kuorodhesha: cherehani ya miguu moja, cherehani ya umeme moja, meza ya kukatia, pasi. Nilimuuliza hukumu ilitoka lini. Akanitazama kama ananionea huruma. "Mama, hukumu ni ya siku nyingi. Mimi nimekuja kukaza."

Kwa lugha yao, kukaza hukumu ni kuitekeleza. Kwetu mafundi kukaza ni jambo jema. Unakaza uzi ili mshono usifumuke. Nilimwangalia anavyoandika ile orodha, nikaona kweli kuna mshono unakazwa pale, ila aliyevalishwa nguo ni mimi na sikuwahi kupimwa.

*

Kesho yake nilikuwa masjala ya mahakama mlango haujafunguliwa. Njia nzima nilikuwa nafanya mazoezi ya uongo. Rafiki yangu mmoja, mtu mwema tu, alikuwa amenishauri: "Sema hukupata wito. Kila mtu anasema hivyo, na wanaachiwa." Nikaona ni neno dogo, halimuumizi mtu.

Karani alileta jalada. Nilitegemea kitu kinene, maana lilikuwa limebeba cherehani zangu. Lilikuwa jembamba kuliko daftari la vipimo vya wateja. Ndani yake mlikuwa na hati ya madai, nakala ya mkataba, taarifa ya akaunti ya mkopo, mwenendo wa siku ya kusikilizwa ulioandikwa kwa mkono kama ukurasa mmoja, na hukumu ya ukurasa mmoja na nusu. Katikati yake karatasi ambayo sikuwahi kuisikia: hati ya kiapo ya mpeleka wito. Yule kijana mpole alikuwa ameapa kwamba tarehe fulani, saa fulani, alinikuta mahali pangu pa kazi, akanikabidhi wito mkononi, nikaupokea.

Nikafungua mdomo kuanza lile zoezi langu. Karani, bila hata kunisikiliza, akafunua karatasi iliyofuata akaniwekea kidole. "Mama, hii si saini yako?"

Wino wa bluu. Ilikuwa yangu, na ule mkia mrefu wa herufi ya mwisho ninaouvuta kama uzi. Nikaufunga mdomo.

Nimefikiria sana kile kiapo. Watu tukisikia kesi ya deni tunadhani karatasi kubwa ni mkataba. Mdaiwa asipokuja, karatasi kubwa ni ile ya mpeleka wito. Hakimu hawezi kuendelea bila wewe mpaka aridhike na jambo moja: uliarifiwa. Akiridhika, mlango unafungwa ukiwa nje. Kama hukuarifiwa, au kiapo kinasema alikabidhiwa shemeji ambaye huna, au nyumba uliyohama zamani, basi kila kilichojengwa juu yake kinatikisika, hukumu na mnada vyote pamoja. Kwa hiyo anayekwenda kufuatilia hukumu ya aina hii namwambia aombe kwanza kusoma kiapo kile, tena kwa utulivu: nani kapewa, wapi, lini, na nani kashuhudia. Wapo wanaopona hapo hapo. Mimi sikuwa mmoja wao.

Kuna kesi moja ya Marekani ambayo wakili wangu alinisimulia baadaye na haijanitoka. Ni Peralta dhidi ya kituo kimoja cha tiba huko Texas, iliyofika Mahakama ya Juu ya nchi hiyo na kuamuliwa mwaka 1988. Hospitali ilimshtaki mtu aliyemdhamini mfanyakazi wake kwa deni la matibabu la kama dola 5,600. Hakuja, akahukumiwa, na mali yake isiyohamishika ikauzwa. Alipokuja kulalamika kwamba hakuarifiwa ipasavyo, mahakama za chini zilimwambia: sawa, lakini una utetezi gani? Deni si unalo? Mahakama ya Juu ikakataa hoja hiyo. Ikasema angejua, angeweza kumwingiza kwenye kesi yule mfanyakazi mwenye deni lenyewe, angeweza kufanya mapatano, angeweza kulipa, angeweza kuuza mali yake mwenyewe kwa bei ya maana kabla haijapigwa mnada.

Niliposikia orodha ile nilijisikia kama ninatajwa mimi. Yule mtu huenda alidaiwa kweli, na bado alikuwa na mambo manne ya kusema. Mimi kwa siku 19 sikuona hata moja.

*

Nililokuwa nalo lilikuwemo ndani ya mkoba. Nilikuwa nimekuja na risiti zangu zote kwa mazoea tu, fundi huwa hatupi karatasi. Nikaanza kuzilinganisha na ile taarifa ya akaunti, nimesimama kwenye kaunta, karani akiniangalia kwa jicho la "mama, kuna foleni". Mkopo ulikuwa wa marejesho 18. Kabla ya kesi kufunguliwa nilikuwa nimelipa 11. Taarifa yao ilionyesha 8.

Nikahesabu tena. 8.

Na halikuwa tatizo la marejesho matatu tu. Kwa kuwa matatu hayo yalihesabiwa kuwa hayakulipwa, adhabu ya kuchelewa ilikuwa imeanza kupanda tangu la kwanza kati yake, ikapanda juu ya riba, na gharama za kufuatilia zikawekwa juu ya vyote. Deni la kweli lilikuwa limevikwa nguo ya mtu mnene.

Nikasoma ule ukurasa wa mwenendo. Shahidi wao alikuwa mmoja. Aliapa, akatoa mkataba, akatoa taarifa, akasema mdaiwa ameshindwa kulipa licha ya kukumbushwa. Chini yake sehemu ya maswali ya mdaiwa kulikuwa na maneno mawili: hayupo mahakamani. Swali langu lilikuwa moja, fupi, na hata mtoto angeliuliza: hizi risiti tatu ziko wapi kwenye taarifa yenu? Hakukuwa na wa kuliuliza. Hakimu hakukosea. Aliona mkataba wenye saini yangu na taarifa yenye jumla yake. Yeye si wakili wa kiti kitupu.

Na hapo nilikuwa na bahati kwamba shahidi aliapishwa kabisa. Kwa madai ya kiasi kinachojulikana, kuna mahali mambo huwa mepesi zaidi. Katika mahakama za shirikisho za Marekani, mdai wa kiasi maalumu akiwasilisha kiapo chake, karani anaweza kuingiza hukumu dhidi ya mtu ambaye hakujitokeza kabisa, bila jaji kukaa. England na Wales vivyo hivyo, ni ombi la karatasi tu. Siku za kujibu nazo ni chache kuliko watu wanavyodhani. Huko England ni siku 14 tangu upelekewe maelezo ya madai, na ukirudisha fomu ya kukiri kupokea zinafika 28. Mahakama za shirikisho za Marekani ni 21. Tanzania, kwenye mahakama zinazofuata Sheria ya Mwenendo wa Mashauri ya Madai, majibu ya maandishi yanatakiwa ndani ya siku 21. Kwa hiyo hata mtu anayefika mahakamani tarehe ikifika, lakini hajaandika kitu, anaweza kukuta ameshachelewa. Wito unasema yote hayo, mara nyingi kwa herufi ndogo chini ya muhuri, sehemu ile niliyokuwa nawekea tepu.

*

Wakili niliyempata alikuwa wa msaada wa kisheria, binti mdogo kwa umri, asiye na maneno mengi. Alinipa maswali mawili na kalamu. La kwanza: kwa nini hukuja? La pili: ungekuja, ungesema nini?

Nilijaza karatasi mbili kwa swali la kwanza. Kwa la pili nikaandika mstari mmoja. Akaurudisha. "Mama, hili la pili ndilo litakalokubeba. Watu wote wanaandika la kwanza vizuri, wanaumwa, wamefiwa, wamesafiri. Hakimu atajiuliza: nikiirudisha kesi hii nyuma, kuna nini cha kusikiliza?"

Aliniambia mahakama za Afrika Mashariki mpaka leo hurejea kesi ya Shah dhidi ya Mbogo ya mwaka 1967. Humo jaji alieleza kwamba uwezo wa kutengua hukumu ya namna hii upo ili mtu asiumie kwa sababu ya ajali, kusahau au kosa linalosameheka, na haupo kwa ajili ya mtu aliyekusudia kuchelewesha haki. Nyuma yake kuna kesi ya Uingereza ya mwaka 1937, Evans dhidi ya Bartlam, nayo ya deni, tena deni la kamari. Majaji wa Baraza la Mabwana, iliyokuwa mahakama ya juu kabisa ya huko, waliona kwamba hukumu iliyopatikana kwa sababu tu mtu hakufuata utaratibu, bila hoja kupimwa, mahakama iliyoitoa inaweza kuiondoa. Kwa Ujerumani, akaniambia, ukiwahi ndani ya wiki mbili tangu upelekewe hukumu, huulizwi hata sababu: unapinga kwa maandishi na shauri linarudi pale lilipokuwa. Nilicheka, kicheko cha uchungu. Huku kwetu unaulizwa, na unaulizwa kwa ukali.

Nikamweleza ukweli. Kwamba nilipokea, nilisaini, nilielewa, na nikampigia afisa. Alinyamaza kidogo. Kisha akauliza, "Hiyo simu tunaionyeshaje?" Nikatoa ile risiti ya rejesho nililolipa baada ya kupokea wito, na ule ujumbe wa afisa ulikuwa bado umo kwenye simu. Nilimwona akikaa vizuri kwenye kiti. Alisema tutaapa hivi hivi ilivyokuwa, hatutaongeza hata nukta. Nafikiria mara nyingi kama ningekuwa nimeapa kwamba sikupata wito. Saini ya bluu ingenitoa mwongo ukurasa wa pili, na baada ya hapo nani angeamini risiti zangu?

Lililonitesa zaidi ni siku. Muda wa kuomba kutengua hukumu ya upande mmoja mara nyingi huwa mfupi. Tanzania, kwa mfano, ni siku 30, na Ujerumani ndiyo hizo wiki mbili. Kwangu ulikuwa umepita, hivyo tulilazimika kuomba kwanza kuongezewa muda, kisha ndipo tuombe lile lenyewe. Binti yule aliniketisha tuhesabu siku zote tangu dalali alipokuja: Jumanne nilikuwa wapi, Jumatano nilifanya nini, kwa nini Ijumaa sikuja ofisini kwake. Niliona ananionea. Kumbe mahakama inataka kila siku ya kuchelewa ielezwe, na siku moja isiyo na maelezo inaweza kumwaga maombi yote. Ndiyo maana mtu akiniambia leo ameona hukumu ila atashughulika mwezi ujao akipata nafasi, huwa simwachi amalize sentensi.

Wakati huo huo aliomba utekelezaji usimame kwanza. Hapo nikajua jambo jingine ambalo dalali hakunigusia. Sheria ya mwenendo wa madai ya India ya mwaka 1908, na zile za Kenya na Tanzania zinazofanana nayo, zinakataza kukamata vifaa vya kazi vya fundi ili kulipa hukumu ya deni. Cherehani zangu hazikupaswa kuwemo kwenye orodha ile. Mimi nilikuwa nimekaa nikimtajia dalali hata mwaka niliozinunua. Wapo pia wanaojifariji kwamba wakikaa kimya hukumu itazeeka yenyewe. Kenya na Tanzania inaweza kukazwa ndani ya miaka 12. Mtoto anaanza shule na kuimaliza, hukumu bado ina nguvu.

*

Siku ya uamuzi hakimu alinisema. Sikumbuki maneno yote, nakumbuka moja: simu ya afisa si amri ya mahakama. Akaendelea kwamba hata hivyo kuna risiti ambazo hazijajibiwa, na kwamba aliyeendelea kulipa baada ya wito hawezi kuitwa mtu anayeikimbia mahakama. Akaitengua hukumu, lakini kwa masharti. Kwanza, nilipe ndani ya muda fulani sehemu ya deni ambayo mwenyewe sibishii. Pili, niwalipe wenzangu gharama za siku waliyopoteza kuthibitisha madai bila mimi.

Nilitoka nimenuna. Nimeshinda, halafu nalipa? Sasa naona ilikuwa sawa. Wale watu walikuja siku waliyoitwa, mimi sikuja, na kuja kwangu baadaye kuliwagharimu. Nikiwa mkweli zaidi, nikijumlisha gharama zile, nauli, na siku ambazo cherehani hazikulia, nilichookoa kilikuwa kidogo sana.

Shauri lenyewe, lililozua yote hayo, lilikwisha siku mbili tu. Walipoleta kitabu chao cha makusanyo, yale marejesho matatu yalionekana yameingizwa kwenye akaunti ya mteja mwingine. Wakili wao mwenyewe ndiye aliyeliona, akaomba tukae nje dakika chache. Tukatoka, tukakubaliana kiasi, tukakubaliana kulipa kwa mafungu, tukarudi ndani, yakaandikwa na kusajiliwa kuwa tuzo ya mahakama, yaani amri yake. Yule afisa mikopo alikuwepo. Alinisalimia vizuri kabisa. "Si nilikwambia tutayamaliza, dada?" Na kweli alikuwa ameniambia.

Nilimaliza kulipa. Nikaomba barua ya kuthibitisha kwamba nimemaliza, nikahakikisha na nakala yake imeingia jaladani. Karani yule yule wa saini ya bluu aliipiga muhuri, akaniuliza kama nataka nakala. Nilichukua mbili.

*

Miaka kadhaa baadaye nikajikuta upande wa pili. Mteja mmoja aliniagiza sare za wafanyakazi wake, akachukua mzigo wote, akalipa nusu, akapotea. Nikamkumbusha nilivyoweza, mwisho nikafungua madai. Siku aliyopokea wito alinipigia. "Dada, mambo ya mahakama ya nini? Tuyamalize wenyewe bwana, usinisumbue kwenda huko."

Nilikaa kimya muda mrefu mpaka akauliza kama simu imekatika. Nikamwambia tuyamalize, ndiyo, mimi niko tayari. Lakini uje tarehe ile, tuyaandike mbele ya hakimu. Nikamwambia na hili: usipoona karatasi ya mahakama inayosema kesi imeondolewa, usiamini neno la mtu, hata langu. Akasema nimekuwa mkali siku hizi. Wiki moja kabla ya kesi akanitumia kiasi kidogo kwa simu. Jioni ya kuamkia siku yenyewe nikampigia tena, akasema atakuwepo.

Karani alitoka mlangoni akaita jina lake mara tatu kwenye korido. Kila alipoita niliangalia ngazi. Kisha tukaingia. Kilisomwa kiapo cha mpeleka wito, nikaapishwa, nikatoa hati ya makabidhiano ya mzigo. Hakimu aliniuliza nani alihesabu sare, nani alisaini, kwa nini namba kwenye hati ina marekebisho ya kalamu. Nilikuwa nimeomba na riba. Akauliza iko wapi kwenye makubaliano yenu. Haikuwepo, akaikata. Muda wote huo kile kiti cha upande wa pili kilikuwa kitupu, na nilikuwa nakiona kwa pembe ya jicho.

Mwisho akaweka kalamu chini. "Tangu ufungue madai haya, mdaiwa amekulipa chochote ambacho hakimo humu?"

Wa kunipinga hakuwepo. Nikaomba ruhusa niwashe simu. Nikatafuta ule ujumbe wa malipo, nikamsomea kiasi. Akasubiri nisome na tarehe, akaandika, akatoa kwenye jumla. Kisha akauliza kama kuna kingine.